Rufaa yako imefutwa kwa kutofika? Fanya haya kabla siku 30 hazijaisha

"Mwanangu, niangalizie rufaa yangu iko kwa jaji gani."

Mama amevuka na meli kutoka Nansio, bahasha ya kaki iko kwapani, pembe moja imelowa. Karani anaingiza namba kwenye kompyuta, anakaa kimya kidogo, kisha anasema, "Mama, hii ilishafutwa. Mwezi wa tatu."

"Nani kaifuta? Mimi sijafuta kitu."

Kwa miaka yangu ya uwakili hapa Mwanza nimesikia mazungumzo ya namna hii dirishani mara nyingi kuliko ninavyopenda kukumbuka. Mtu alishindwa shauri la kiwanja au la mkopo, akakata rufaa ndani ya muda, akalipia, akapewa namba, akarudi nyumbani akiamini mahakama itamwita. Wito wenyewe ulipita kwenye simu aliyokwisha kuiuza, au ulimfikia mtendaji wa kijiji ukaishia hapo. Siku ya kusikilizwa jina likaitwa mara tatu koridoni, hakuna aliyeitika. Rufaa ikafutwa kwa kutofuatiliwa, na sababu zake, hata kama zilikuwa nzuri kiasi gani, hakuna aliyezisoma.

Naanza na wewe ambaye yameshakukuta, kwa sababu wewe ndiye unayekimbizana na kalenda. Ambaye rufaa yake bado i hai asogee chini kidogo.

Hatua ya kwanza: pata amri yenyewe uisome

Usitegemee alichokuambia jirani, wala karani, wala mpinzani wako aliyekucheka pale Kirumba sokoni. Omba kwa barua nakala ya amri iliyofuta rufaa na mwenendo wa siku hiyo, yaani kumbukumbu za yaliyofanyika mahakamani. Barua ipelekwe masijala, ile ofisi ya mafaili ya mahakama, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa, uitunze. Mhuri ule utakufaa baadaye kuliko unavyodhani.

Kuna sababu ya kusisitiza kusoma. Kiswahili chetu cha koridoni kina neno moja tu, "imefutwa", nalo tunalibebesha mambo matatu tofauti, kila moja na dawa yake.

Kama rufaa ilifutwa kwa sababu hukufika siku ya kusikilizwa, dawa ni kuomba irejeshwe, kwenye mahakama ileile iliyoifuta. Hiyo ndiyo habari ya mwongozo huu.

Kama iliondolewa mahakamani kwa kasoro, mathalani ilikosa hati inayotakiwa au iliandikwa vibaya, haikuamuliwa. Unaweza kurekebisha na kuileta upya, ilimradi muda wa kukata rufaa haujapita; ukipita, unaanza kwa kuomba kuongezewa muda.

Kama ilitupwa baada ya hoja kusikilizwa, au kwa kuwa ililetwa nje ya muda, basi hakuna cha kurejesha. Hapo ni ngazi ya juu, na ni habari nyingine kabisa.

Nimeona mtu akikata rufaa Mahakama ya Rufani dhidi ya amri ya kufutwa kwa kutofika, akapoteza mwaka na nusu, ilhali alitakiwa kurudi chumba kilekile na karatasi tatu. Soma amri.

Ukiwa unaisoma, tazama pia siku ile shauri lilikuwa limepangiwa nini. Kanuni za Mwenendo wa Mashauri ya Madai (Sura ya 33), Amri ya 39, Kanuni ya 17, zinaipa mahakama uwezo wa kufuta rufaa pale mrufani asipofika rufaa inapoitwa kwa ajili ya *kusikilizwa*. Kama mwenendo unaonyesha siku hiyo shauri lilikuja kwa *kutajwa* tu, yaani kuangaliwa limefikia wapi na kupangiwa tarehe, umepata hoja yenye nguvu. Iandike pembeni, tutaitumia.

Hatua ya pili: hesabu siku

Jedwali la Sheria ya Ukomo (Sura ya 89) linakupa siku 30 za kuomba rufaa irejeshwe. Zinahesabiwa tangu siku ya amri. Siku uliyopata nakala, siku uliyopata hela ya wakili, siku mtoto alipokupigia simu kutoka mjini, zote hazihusiki. Siku yenyewe ya amri haihesabiwi; unaanza kesho yake. Amri ikitolewa Machi 4, siku yako ya mwisho ni Aprili 3. Ikiangukia Jumapili au sikukuu, unasogea hadi siku ya kazi inayofuata, lakini anayepanga safari kwa kutegemea hilo anacheza na moto.

Kama shauri lako lilianzia Mahakama ya Mwanzo, kanuni zinazotawala rufaa yako ni nyingine: ni zile za Tangazo la Serikali Na. 312 la mwaka 1964. Kanuni ya 17 humo ndani inaruhusu rufaa iliyofutwa kwa kutofika irejeshwe, kwa sharti lilelile la sababu ya kutosha. Mimi huhesabu siku 30 hizohizo wala sijaribu zaidi. Na kama rufaa ilikuwa Mahakama ya Rufani yenyewe, ni Kanuni ya 112 ya Kanuni za mwaka 2009, siku 30 pia. Huko wamekuwa waungwana, kwani aliyestahili kupelekewa taarifa ya kusikilizwa na hakupelekewa anahesabiwa tangu siku alipopata habari za uamuzi kwa mara ya kwanza.

Neno la tahadhari kwa wanaonakili vifungu kutoka maombi ya zamani: sheria zetu zimetoka upya katika Toleo la 2023, lililoanza kutumika Julai 1, 2025, na baadhi ya namba za vifungu zimebadilika. Maombi ya rafiki yako ya mwaka 2019 yasaidie kwa mpangilio tu.

Hatua ya tatu: tafuta sababu, kisha tafuta karatasi ya sababu hiyo

Hapa ndipo maombi mengi yanapozama. Kanuni ya 19 ya Amri ya 39 inataka uthibitishe kwamba ulizuiwa na sababu ya kutosha kufika. Uzito uko kwenye *kuthibitisha*. Kusema unaweza kusema lolote.

Ugonjwa ni sababu inayokubalika kila siku na kukataliwa kila siku. Inayokubalika ina karatasi ya hospitali yenye tarehe inayogusa siku ile: cheti cha mgonjwa, hati ya kulazwa na kuruhusiwa. Inayokataliwa ina cheti kilichoandikwa wiki mbili baadaye kwa ajili ya mahakama, na jaji anakitambua kama unavyotambua sangara wa jana. Ukiugua wewe mwenyewe, sema uliugua nini na kwa nini kilikuzuia kusafiri. Malaria uliyopewa dawa ukarudi nyumbani kwa miguu haikuzuii kumtuma mtu.

Msiba: barua ya mtendaji wa mtaa au kijiji, kibali cha mazishi. Sema marehemu ni nani kwako. Kwetu kila mtu ni baba mdogo, na mahakama inalijua hilo.

Usafiri wa ziwani. Mtu wa Ukerewe anaposema meli haikuondoka kwa sababu ya dhoruba, anasema jambo la kweli ambalo mtu wa Nyamagana mjini halioni. Lakini lithibitishe. Kata tiketi hata kama meli haijaondoka, tunza kipande, na umwombe mhusika wa bandari au wa chombo akuandikie, ikiwezekana aape kiapo chake. Wa Sengerema na Buchosa ile hadithi ya foleni ya kivuko pale Busisi wameipoteza: tangu Juni 19, 2025 kuna daraja la kilomita 3 hivi kutoka Kigongo hadi Busisi, na mjibu rufaa, yaani mpinzani wako, hatasita kumkumbusha jaji.

Kutopata wito. Hii ndiyo sababu ninayoipenda, maana inagusa haki ya kusikilizwa na si uzembe wa mtu. Kagua faili: kuna hati ya wito iliyorudishwa? Nani alisaini kuipokea, na kuna kiapo cha aliyeipeleka? Ilitumwa kwa namba ya simu gani? Ukikuta saini isiyo yako, au namba isiyo yako, omba nakala ya ukurasa huo. Angalizo: kama ulikuwepo siku tarehe ilipopangwa, huhitaji wito mwingine, na mwenendo utakuumbua.

Wakili hakufika. Inaniuma kuandika, lakini uzembe wa wakili kwa kawaida hauhesabiwi kuwa sababu ya kutosha. Mteja anatazamiwa afuatilie shauri lake na kumfuatilia wakili wake. Kama wakili alikuwa mahakama ya juu zaidi siku hiyohiyo, hilo ni jambo jingine, lete orodha ya mashauri ya huko yenye jina lake. Kama alisahau, aape mwenyewe aseme alisahau. Niliwahi kuandika tarehe 16 kwenye shajara badala ya 6. Niliapa kiapo kinachosema hivyo hivyo, bila kupamba, na mteja wangu naye akaapa kuonyesha ujumbe wa simu alionitumia mara tatu kuniulizia tarehe. Rufaa ilirejeshwa kwa sababu ya ujumbe wake, si kwa sababu ya toba yangu. Gharama za siku ile nililipa mimi.

Kama rufaa ilipangwa kusikilizwa kwa hoja za maandishi na hukuwasilisha hoja zako kwa tarehe uliyopewa, mahakama zetu zinalihesabu hilo sawasawa na kutofika siku ya kusikilizwa. Watu wanashangaa: "Lakini nilikuwepo kwenye kutajwa!" Ulikuwepo mwili. Sababu unayotakiwa kueleza ni kwa nini karatasi hazikuwasilishwa.

Hatua ya nne: andika maombi na kiapo

Unahitaji hati ya maombi na kiapo kinachoiunga mkono. Hati ya maombi iwe fupi: inaomba nini, chini ya kanuni ipi, namba ya rufaa iliyofutwa, tarehe ya amri. Kiswahili kinaruhusiwa, tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo usilipie mtu kukutafsiria usichokielewa.

Kiapo ndicho kitakachokuokoa au kukuzamisha. Ni ushahidi wako ulioandikwa, kwa hiyo andika mambo yaliyotokea kwa mpangilio wa tarehe, kila aya na jambo lake. Usibishane humo, usinukuu sheria, usimtukane mpinzani, usiape kuwa "haki itendeke". Kila unachokisema ambacho hukukiona mwenyewe kinahitaji kiapo cha aliyekiona. Ukisema "karani aliniambia tarehe ni tarehe 14", jaji atauliza kiapo cha karani kiko wapi. Ukisema "mwanangu alipokea wito akasahau kunipa", mtoto huyo aape naye.

Mfano wa aya zinazosimama:

*"Kwamba tarehe 2 nilikata tiketi ya meli ya kutoka Nansio kwenda Mwanza ili nifike mahakamani tarehe 3. Nakala ya tiketi imeambatishwa na kupewa alama A."*

*"Kwamba meli hiyo haikuondoka siku hiyo kutokana na upepo mkali ziwani, na niliarifiwa hivyo pale bandarini. Kiapo cha mhusika wa bandari kimeambatishwa."*

*"Kwamba siku hiyohiyo nilimpigia simu mdogo wangu anayeishi Igoma, akafika mahakamani tarehe 3 na kukuta rufaa imekwishafutwa. Kiapo chake kimeambatishwa."*

Umeona? Hakuna kivumishi hata kimoja cha huruma, lakini jaji anamwona mtu aliyekuwa anahangaika kufika.

Onyesha pia ulifanya nini *baada* ya kujua. Ulijua lini, barua ya kuomba nakala uliandika lini (ule mhuri!), ulimwona nani. Anayekaa siku 27 kisha akakimbia tatu za mwisho yuko ndani ya muda, ila mwenendo wake hauvutii.

Kiapo uape mbele ya kamishna wa viapo, na pale mwisho paandikwe mahali, tarehe na jina la kamishna. Kosa la pale chini limeua maombi mazuri mengi. Kisha wasilisha kwa mfumo wa kielektroniki wa mahakama. Kama huna kompyuta, masijala wana utaratibu wa kukusaidia. Ukipata namba ya malipo, lipa siku hiyohiyo. Mpelekee mjibu rufaa nakala, utunze uthibitisho.

Hatua ya tano: zuia dalali

Rufaa ikifutwa, hukumu uliyokuwa unaipinga inasimama, na aliyeshinda anaweza kuomba kukaza hukumu, yaani itekelezwe. Zuio lolote ulilokuwa nalo kwa ajili ya rufaa halina tena kitu cha kushikilia. Kuleta maombi ya kurejesha hakumzuii dalali wa mahakama kubandika notisi kwenye nyumba yako ya Nyakato. Kwa hiyo kama kuna mali hatarini, omba pamoja na hayo utekelezaji usimamishwe kwa muda, kwa hati ya dharura, na ueleze hasara utakayopata isiyoweza kulipika.

Siku ya kusikilizwa maombi yako

Fika. Naiandika kwa sababu nimeshuhudia maombi ya kurejesha rufaa iliyofutwa kwa kutofika yakifutwa kwa kutofika.

Usianze kuhubiri jinsi rufaa yako ilivyo na nguvu. Siku hii swali ni moja, kwa nini hukuwepo. Ukikubaliwa, mahakama inaweza kukuwekea masharti, mara nyingi kumlipa mwenzako gharama, lipa mapema. Ukikataliwa kwa maombi yaliyofuata Amri ya 39, amri hiyo ya kukataa inaweza kukatiwa rufaa.

Siku 30 zimeshapita?

Kazi imekuwa mbili. Kwanza unaomba kuongezewa muda wa kuleta maombi ya kurejesha, chini ya Sheria ya Ukomo. Ukipewa ndipo unaleta maombi yenyewe. Usiyachanganye bila ushauri wa mwanasheria.

Vigezo ambavyo mahakama zetu hurudia kila mara ni vile vya uamuzi wa Mahakama ya Rufani wa mwaka 2011 katika maombi ya kampuni ya Lyamuya: uhesabu kipindi chote cha kuchelewa, kuchelewa kusiwe kwa kupindukia, uonyeshe bidii wala si uzembe, na kama kuna hoja nzito ya kisheria, kama uharamu ndani ya uamuzi wenyewe, uiseme. Hicho cha kwanza ni kikatili. Chukua karatasi, andika tarehe zote tangu amri hadi leo, na mbele ya kila kipindi uandike ulikuwa wapi ukifanya nini. Kipindi kitakachobaki kitupu ndicho mpinzani atakachosimama nacho. Hapa hoja ya kutopewa wito inarudi na uzito wake, maana mtu kuhukumiwa bila kujulishwa ni kasoro ya uamuzi wenyewe.

Wewe ambaye rufaa bado i hai

Rufaa hufia kwenye wiki ambazo hakuna anayeuliza. Chagua siku moja ya mwezi, iwe siku ya gulio au siku unayokuja kununua bidhaa mjini, upite masijala na namba yako ya rufaa. Uliza maswali matatu: tarehe inayofuata ni lini, ni ya kutajwa au ya kusikilizwa, na namba ya simu iliyopo kwenye mfumo ni ipi. Ukibadilisha laini, badilisha na huko, kwa barua. Wavuvi wanaohama kambi kufuata dagaa waipe mahakama namba ya mtu asiyehama.

Andika tarehe kwa maneno na kwa tarakimu, pamoja na siku ya wiki. "Alhamisi, tarehe sita, 6." (Najua ninachosema.)

Lipa na ufuatilie gharama za kumpelekea mjibu rufaa taarifa, maana rufaa inaweza kufutwa kwa hilo pia. Ukiona hutaweza kufika, mtume mtu mapema. Ndugu yako hawezi kukuendeshea rufaa kwa sababu tu ni ndugu, lakini anaweza kufika na barua na cheti, akamweleza karani kabla mahakama haijaanza, na ikaingia kwenye mwenendo. Kanuni inasema mahakama *inaweza* kufuta; inaweza pia kuahirisha, ikipewa sababu ya kuahirisha. Kiti kitupu hakimpi jaji chochote.

Wanaoishi mbali waulize kama usikilizwaji unaweza kufanyika kwa njia ya mtandao. Waulize wiki kadhaa kabla, si asubuhi ya shauri.

Mrufani akifariki

Familia nyingi huzika, hukaa matanga, na kulisahau faili. Sheria inatoa siku 90 tangu kifo kuomba msimamizi wa mirathi aingizwe mahali pa marehemu. Zikipita, rufaa inakoma kwa upande wake. Kwa kuwa msimamizi lazima kwanza ateuliwe na kupewa Fomu Namba 4 kama mirathi iko Mahakama ya Mwanzo, na kikao cha ukoo chenyewe kinaweza kula mwezi, siku 90 si nyingi. Mmoja wenu apeleke taarifa ya kifo mahakamani mara tu baada ya mazishi.

Asiye na uwezo wa wakili atafute watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Ukienda, beba faili lote, hata zile karatasi unazoona hazina maana, na utangulize ile yenye tarehe ya amri ya kufuta.